Siku Method Alipovushwa Sirari

Siku hizi ukifika Sirari, malori yamepangana mpaka unasahau kwamba hapo kuna nchi mbili. Mawakala wa forodha wanapigiana kelele, wabadilisha fedha wanakuvuta shati, bodaboda nusura wakukanyage vidole. Sawa, ndiyo maendeleo, nani anabisha? Lakini muulize Mzee Heche, aliyezaliwa hatua chache kutoka hapo, atakwambia Sirari yake si hii. Sirari yake ilikuwa na bomba moja la chuma lililolazwa kukinga njia, askari wawili wenye usingizi, na majani yaliyoota katikati ya barabara kuu.

Hiyo ni ile miaka ya mpaka kufungwa. Ulifungwa mwaka sabini na saba, Jumuiya ilipovunjika, ukakaa hivyo karibu miaka saba. Redio ya huku ikawasema wa kule, redio ya kule ikawasema wa huku, na Wakurya waliokuwa katikati, watu ambao mashamba yao yalipakana na ng'ombe wao walipandwa na dume mmoja, wakaambiwa kuanzia leo ninyi ni wageni kwa wenzenu. Haya!

Na bado Heche anaikumbuka miaka ile mpaka kifua kinamuuma. Si kwamba amesahau shida. Foleni ya sukari anaikumbuka, na kufua kwa majani ya mpapai anakukumbuka, na suruali yake moja iliyotiwa viraka mpaka viraka vikatiwa viraka. Anachokitamani ni kengele ya alfajiri, kile kipande cha reli kilichoning'inizwa ofisini kwa kijiji, watu wakatoka na majembe kwenda shamba la pamoja wakitaniana njia nzima. Anatamani darasa la ngumbaru, wazee wazima wakishika chaki kana kwamba itawang'ata. Na anatamani, aseme ukweli, heshima aliyokuwa nayo. Heche alikuwa balozi wa nyumba kumi, na neno lake likishatoka lilikuwa limetoka.

Vijana wa leo hawamjui balozi, kwa hiyo tuwaeleze. Ugomvi wa nyumba kumi ulianzia kwake. Barua ya kwenda mahali popote ilianzia kwake. Na mgeni yeyote akilala katika nyumba hizo kumi, hata awe mama yako mzazi, sharti aandikwe kwenye daftari la balozi: jina, atokako, kazi yake, atakaa siku ngapi. Mabalozi wengi waliandika walipokumbuka. Heche aliandika kila mtu. Aliwahi kumwandika mtoto aliyezaliwa usiku kama mgeni kutoka tumboni, watu wakacheka wiki nzima, yeye hakuona cha kuchekesha.

Mke wake alikuwa Mogesi. Alimwoa mwaka sitini na tisa kutoka Isebania, ng'ambo tu hapo, wakati kwenda Isebania ilikuwa kama kwenda kisimani. Mpaka ulipofungwa, Mogesi akabaki huku, na mama yake, Bibi Kisyeri, akabaki kule. Wakati mwingine upepo ukivuma vizuri Mogesi alisimama juu ya kilima akaona moshi wa jiko la mama yake. Moshi! Mtu na mama yake, wanaonana kwa moshi.

Basi mwaka themanini na moja, mwezi wa tisa, kaka yake Mogesi akavuka. Huyu aliitwa Method, kijana mrefu mwenye maneno mengi, mwandishi wa gazeti moja la Nairobi. Alipita njia za ng'ombe kama watu wote walivyopita, akamletea dada yake salamu za mama na kipande cha sabuni, akasema anataka kuandika habari za familia zilizokatwa vipande viwili na bomba la chuma. Mogesi alimkumbatia mpaka akamng'oa kifungo cha shati. Alichinja kuku wa mwisho.

Baada ya kula, Heche akaleta daftari.

"Baba Gati," Mogesi akasema, "andika mkulima."

"Yeye si mkulima."

"Andika mkulima, nakuomba. Kwani utakufa?"

"Chama hakidanganywi, Mama Gati. Nikidanganya kwa shemeji yangu, kesho nitamwambia nini jirani yetu Felista akinificha mgeni wake?"

Method mwenyewe alikuwa anacheka. "Mwache aandike, dada. Mimi sijaiba cha mtu." Akamtajia kila kitu, jina mpaka gazeti, na Heche akaandika kwa mwandiko wake wa kulala, vizuri, bila kufuta. Mwisho wa wiki, kama ilivyokuwa desturi yake peke yake tarafa nzima, akampelekea daftari katibu wa kata, Stanslaus, alisome.

Stanslaus alisoma. Alipofika kwenye neno mwandishi, na neno Nairobi, akavaa kofia yake. Siku ya pili wakaja watu wenye gari. Method alikutwa nyuma ya nyumba anamhoji mama mmoja juu ya binti yake aliyeolewa kule, kitabu cha kuandikia mkononi. Wakasema mpelelezi. Wakamchukua na kitabu chake na hata shati la kubadilisha hakupewa muda wa kuchukua.

Mogesi hakupiga kelele. Laiti angepiga. Aliokota kikombe alichokuwa akinywea kaka yake, akakiosha, akakifunika. Kisha akamgeukia mumewe.

"Umemuuza ndugu yangu kwa wino," alisema. "Sikufukuzi na sirudi kwetu, kwetu pamefungwa. Nitakupikia, nitakufulia. Lakini siku utakayomvusha Method kwa mkono wako mwenyewe, akafika kwa mama yangu, ndipo nitakuita tena baba wa mwanangu."

Kuanzia hapo hakumsemesha. Binti yao Gati alikuwa bwenini huko misheni, nyumbani wakabaki wawili tu, na Mogesi akawa anaongea na ng'ombe. "Chakula kiko tayari," anamwambia ng'ombe, kwa sauti ya kutosha mtu aliye ndani asikie. "Mwambie mwenye nyumba chumvi imekwisha." Majirani walicheka mwanzoni. Baadaye waliacha, maana waliona Heche anavyokonda.

Kumbe mtu anaweza kuishi na mke wake chini ya paa moja na bado akamlilia kama amekufa. Heche aligundua hilo. Alikuwa akirudi kutoka shamba la kahawa anasimama nje kidogo, anamsikiliza Mogesi akimpigia ng'ombe soga, akimcheka, akimuuliza habari za shamba, zile habari ambazo zamani aliulizwa yeye. Alimwonea wivu ng'ombe. Mtu mzima, balozi!

Akaanza kuandika barua. Daftari lile lile lililomfunga Method, akaamua ndilo litakalomfungua. Alinakili ule ukurasa kwa mkono, neno kwa neno, na chini yake akaongeza: *Ndugu, mpelelezi hajiandikishi kwa balozi. Huyu alijitaja mwenyewe. Ni mgeni wangu.* Akapeleka katani, akapeleka wilayani huko Bomani, akapeleka mkoani, akapeleka Dar es Salaam. Hakuna aliyejibu. Akanakili tena. Stanslaus alimwita akamwonya kwamba ubalozi una mwisho wake. Heche akamwambia, "Ndugu Katibu, mimi nimejifunza kuandika kwenye ngumbaru yenu. Mlidhani nitaandika nini?"

Na kila mwezi alifunga safari. Method alikuwa amepelekwa gereza moja ng'ambo ya mto Mara, upande wa Serengeti, mbali na mpaka. Heche alipanda lori la pamba likipatikana, lisipopatikana alikwenda kwa miguu na viatu vyake vya matairi, akivuka Mara chini ya Nyamongo, akilala kwa Wakristo wenzake njiani. Nyamongo ya wakati ule, jamani, ilikuwa vilima na mifugo na watu wachache tu wakichokonoa dhahabu kwa nyundo. Alibeba unga wa mtama na ndizi na barua ya Mogesi. Mogesi aliiandika, akaiweka juu ya kiti, akamwambia ng'ombe kwamba hiyo ni ya kaka yake.

"Dada hajambo?" Method aliuliza kila mara kupitia wavu.

"Hajambo. Anaongea vizuri na ng'ombe."

Method alikuwa amekonda macho yakabaki makubwa, lakini hilo lilimchekesha. Hakuwahi kumlaumu Heche hata siku moja. Hapo ndipo palipomuuma Heche zaidi. Mtu akikutukana unajua pa kuweka uchungu wako.

Wakati huohuo mambo makubwa yalikuwa yanakwenda kivyake. Magazeti ya Nairobi yalimpigania Method kila siku, picha yake ukurasa wa mbele. Huku wakajibu. Kule wakawakamata madereva wawili wa kwetu, huku wakakamata mashua. Kila wakubwa walipotaka kukutana wazungumze mali ya Jumuiya na kufungua mpaka, upande wa Kenya ulisema, kwanza tupeni mwandishi wetu. Na upande wa Tanzania ukasema, mpelelezi hatoki kwa amri ya mtu. Nchi mbili nzima zilimkwamia kijana mmoja wa Isebania aliyekuwa analima viazi vya gereza.

Mwaka themanini na tatu, mwezi wa tatu, ikaja gari rangi ya majivu mpaka mlangoni kwa Heche. Akashuka bwana mmoja wa Dar es Salaam, mtu wa pwani, mpole, suti ya Kaunda imepigwa pasi. Alikuwa na bahasha iliyojaa nakala za ukurasa ule. Kumi na nne. Hakuna iliyotupwa.

"Wewe ndiwe Heche?"

"Ndimi. Shikamoo mzee."

"Marahaba. Bwana, umetusumbua sana." Kisha akatabasamu. "Na umetuokoa. Tulikuwa tunatafuta njia ya kumtoa huyu kijana bila sisi kusema tulikosea, na bila wao kusema wametushinda. Njia unayo wewe. Uliandika ni mgeni wako. Basi alikuwa mgeni. Mgeni akimaliza siku zake hufanywaje?"

"Husindikizwa na mwenyeji."

"Ndivyo. Alhamisi saa kumi, pale Sirari, utamsindikiza. Utamshika mkono, utavuka naye, utamkabidhi kwa mkubwa wao mbele ya wapiga picha. Wenzetu wamekubali. Na ndugu wa pande zote watapewa nusu saa ya kusalimiana. Likienda vizuri, wiki ijayo wakubwa wataketi meza moja. Likiharibika," akakung'uta vumbi la goti lake, "basi, miaka mingine sita."

Mogesi alikuwa amesimama mlangoni na kibuyu cha maziwa. Alimtazama mumewe, mara ya kwanza tangu mwezi ule wa tisa kumtazama usoni. Jioni ile hakumwambia ng'ombe chochote.

Alhamisi ikafika. Loo, watu! Huku waliandikwa ndugu saba tu wa kuvuka, lakini kijiji kizima kilimwagika, na kule vivyo hivyo, juu ya miti, juu ya paa la kibanda cha askari. Watu walipungiana mikono, wakaitana majina. Mzee mmoja aliona ng'ombe wake aliyeibiwa mwaka sabini na tisa amesimama ng'ambo, akaanza kumtukana aliyemshika, na aliyemshika akamjibu kwa furaha kabisa kana kwamba wanaamkiana.

Method alishushwa kwenye gari amevaa shati jipya lenye mikunjo ya kiwandani. Heche akamshika mkono. Ulikuwa mkono mgumu, wa jembe. Bomba likainuliwa, likalia kwa kutu, na wakaanza kutembea. Hatua ishirini tu. Mbele yao alisimama mkubwa wa Nairobi na tai yake nyekundu, nyuma yake askari, pembeni wapiga picha wamepiga magoti.

Na kando ya yule mkubwa, wamemweka mbele kabisa ili picha ipendeze, alisimama Bibi Kisyeri.

Heche akasimama. Miguu ilikataa.

Hapa inabidi tueleze tena. Kwa Wakurya, mwanamume na mama mkwe wake hawaonani ana kwa ana. Si chuki, ni heshima, na ni heshima kubwa kuliko zote. Mkikutana njiani, mmoja anaingia vichakani. Hamshikani mikono, hamli chungu kimoja, hamtazamani. Miaka kumi na minne ya ndoa, Heche hakuwahi kuuona uso wa mama mkwe wake. Alimjua kwa kikohozi chake na kwa kisogo chake. Na sasa wanamtaka atembee moja kwa moja mpaka miguuni pake, mchana kweupe, mbele ya nchi mbili na kamera!

"Songa mbele," bwana wa pwani akanong'ona nyuma yake.

Heche hakusonga. Aliinamisha kichwa mpaka kidevu kikagusa kifua. Alijua kinachongojewa, alijua Mogesi yuko nyuma yake anamtazama, alijua hatua kumi zimebaki. Lakini kuna mambo mwili unakatalia wenyewe.

"Ni nini hii sasa?" mkubwa wa Nairobi akasema kwa sauti. "Wamebadilisha nia?"

Bibi Kisyeri naye, maskini, alikuwa ameshamtambua mkwe wake. Akafanya kile ambacho mama yeyote mwenye adabu angefanya. Akavuta nguo yake, akajifunika kichwa, akageuka, akawapa mgongo.

Bwana wa pwani akageuka rangi. "Wametupa mgongo! Mbele ya wapiga picha! Mama wa kijana mwenyewe ametupa mgongo!"

"Ninyi ndio mmesimama na mtu wetu katikati ya njia!" mkubwa wa Nairobi akajibu. "Mnamtoa ama hamtoi?"

"Bwana, chunga ulimi."

"Wewe ndiye uchunge watu wako!"

Askari wa pande zote wakaanza kushika mikanda ya bunduki. Kelele za watu zikakatika. Na wote wale waliojaa pale, Wakurya mia kadhaa, walijua vizuri kabisa tatizo ni nini, ila hakuna aliyeulizwa! Ndivyo wakubwa walivyo. Wanaleta mkutano wao nyumbani kwako na hawakuulizi mlango uko wapi.

Method akaanza kucheka. Kicheko kilimtoka tumboni, kikamkunja. "Shemeji," alisema, "mwaka mmoja na nusu nimengoja, sasa nakwama kwa ajili ya mama yangu."

"Nisamehe," Heche alisema. Machozi yalikuwa yanamlenga. "Nisamehe, siwezi."

Hapo Mogesi akatoka mstarini. Hakuomba ruhusa. Alimpita bwana wa pwani, akampita mumewe na kaka yake, akavuka pale bomba lilipokuwa limelala, mtu wa kwanza kuvuka wazi wazi kwa miaka sita, na askari aliyeinua mkono kumzuia aliushusha mwenyewe. Akafika kwa mama yake. Hakumkumbatia kwanza. Alifungua khanga aliyojifunga kiunoni, akaikamata pembe mbili za juu, akaitandaza mbele ya mama yake kama pazia. Felista, jirani yao, akamkimbilia akashika upande wa pili.

Na Mogesi akaita, kwa ile sauti ambayo ng'ombe peke yake ndiye aliyekuwa ameifaidi siku zote zile:

"Baba Gati! Njoo, njia nyeupe."

Heche alikwenda. Hakumbuki alivyokwenda. Anakumbuka kwamba aliweka mkono wa Method katika mkono wa yule mwenye tai nyekundu, akasema maneno aliyofundishwa, mgeni wangu amemaliza siku zake namrudisha salama, na kwamba umati wa pande mbili ulipiga vigelegele kwa pamoja, lugha moja, sauti moja. Bwana wa pwani alikuwa ameshaelezwa na mtu. Alimfuata mkubwa wa Nairobi, akamnong'oneza, na mkubwa wa Nairobi akapiga paji la uso.

"Mama mkwe!" alisema. "Hata kwetu! Mimi kwa mama mkwe wangu napitia mlango wa nyuma miaka ishirini!"

Wakacheka, wakashikana mabega. Wakaingia kwenye kibanda cha askari kunywa soda, na wanasema nusu ya mambo yaliyokubaliwa wiki iliyofuata yalianzia humo, juu ya sanduku la soda. Wakubwa wana historia yao. Watu wa Sirari wana hii.

Nje, nusu saa ilikuwa inakwenda. Method alikuwa amezama mikononi mwa watu. Mogesi alikuwa amemkumbatia mama yake nyuma ya khanga ambayo sasa Felista na mwanamke mwingine waliishikilia. Heche alisimama upande wa pili wa kitambaa, kofia mkononi, mwenye furaha mpaka akaona aibu. Baba Gati. Alikuwa anajisemea moyoni kimya kimya, kama anaonja.

Kisha akasikia kile kikohozi. Alikijua, ila kilikuwa kimedhoofika, kimekuwa kikavu, hakimalizi.

"Mkwe wangu," Bibi Kisyeri akasema kwa Kikurya kutoka nyuma ya khanga.

"Mama."

"Ulimwandika mwanangu."

"Nilimwandika, mama. Nisamehe."

"Wamenisomea gazetini. Kila mwezi ulimpelekea chakula. Mwanangu amerudi, mimi sina neno na wewe." Akakohoa tena, wakangoja. "Lakini huyu kesho atarudi Nairobi kwenye maandishi yake. Mimi nimebaki na mifupa. Asubuhi nashindwa kuinuka kwenda haja. Nipe binti yangu, mkwe wangu. Hata hadi mpaka ufunguliwe tu."

Mpaka ufunguliwe! Nani alijua utafunguliwa lini? Mwezi ujao, miaka mingine sita? Mke wake alikuwa amemrudia kwa muda wa dakika ishirini. Chini ya khanga aliona vidole vya miguu vya Mogesi, havisogei. Mogesi hakumwomba, hakumsaidia. Alimwachia.

"Mama Gati," Heche akasema. "Nguo zako nitakupitishia kwa njia ya ng'ombe. Ile nyekundu na zile nyingine."

Upande wa pili wa khanga alisikia mtu analia, na hakujua ni yupi kati ya wale wawili.

Kengele ikagongwa. Ndugu wakaanza kurudi huku wakigeuka nyuma. Askari wa Tanzania alisimama penye bomba na karatasi yake ya majina saba, pembeni yake Stanslaus amevaa kofia. Jua lilikuwa linawapiga machoni, watu wanasukumana, vumbi.

"Tusihangaike kuhesabu," Stanslaus akamwambia askari. "Muulize balozi. Huyu hajawahi kudanganya tangu azaliwe." Akamgeukia. "Ndugu Heche, watu wako saba wote wamerudi?"

Heche alimtazama usoni.

"Wote wamerudi," alisema.

Askari akapiga mstari chini ya majina, na bomba likashushwa.

Alikwenda nyumbani peke yake. Ng'ombe alikuwa hajakamuliwa, akamkamua mwenyewe, vibaya, na alipomaliza alijikuta anamweleza mambo yote ya siku ile, moja baada ya jingine, mpaka giza likaingia. Felista na wale wengine waliovuka walijua, kijiji kizima kilijua. Miezi minane hakuna mtu hata mmoja aliyemuuliza Heche mke wake yuko wapi. Leo ungepata wapi majirani wa namna hiyo?

Mpaka ulifunguliwa mwezi wa kumi na moja. Heche alikuwa pale tangu asubuhi, katikati ya watu waliokuwa wanakimbiliana, wanaangukiana, wanatambulishana watoto. Alimwona Mogesi kabla Mogesi hajamwona. Alikuwa anakuja taratibu, na furushi kichwani, na alipolishusha Heche akaona kichwa chake kimenyolewa kama cha mfiwa, nywele zinaanza tu kuota. Hakuhitaji kuambiwa.

"Lini?" alimuuliza.

"Mwezi wa nane. Nilikuwa nimemlaza mapajani." Mogesi akajifuta uso kwa kiganja. "Kila nikimpa uji alikuwa ananiuliza, huyo mume wako, anapikiwa na nani?"

Heche, mtu mzima, balozi wa nyumba kumi, akaketi chini pale pale barabarani akalia, na Mogesi akaketi kando yake, watu wakawazunguka wakipita.